Nguo ya Waya Nne

INATANGAZWA KWA WAKAZI WOTE WA MTAA kwamba benchi lililo mbele ya ofisi ya kamati limepakwa rangi mpya ya kijani. Kwa hiyo ni marufuku kulikalia, kuliegemea, kulishika au kuweka mzigo juu yake hadi tangazo jingine litakapotolewa. Atakayekaidi atachukuliwa hatua. Kwa amri ya Mwenyekiti.

Tangazo hilo lilibandikwa kwenye mlango wa ofisi, kwenye ukuta wa duka la jirani na kwenye nguzo ya umeme. Kamati iyo hiyo haikuwahi kutangaza lolote kuhusu mtaro uliokuwa wazi tangu mvua za mwaka uliopita, wala kuhusu panya waliozaliana humo hata wakawa na ukoo mkubwa kuliko familia yoyote ya mtaa ule. Bi Pindo alilisoma mara moja, alipokuwa akienda kununua uzi, akaona limeandikwa vizuri.

Alikuwa mshonaji. Jina la Bi Pindo alipewa na wateja, kwa kuwa hakuruhusu nguo itoke mikononi mwake huku uzi ukining'inia. Tabia hiyo haikuishia kwenye nguo. Redio ya sebuleni ilikuwa na vazi lake, mtungi wa maji ulikuwa na vazi lake, na cherehani, kila jioni, ilivikwa koti la kitambaa kizito lenye vifungo viwili. Mumewe, ambaye hata mama yake mzazi alimwita Dereva, alikuwa akisema kwamba yeye hathubutu kukaa kimya muda mrefu nyumbani, asije naye akashonewa.

Dereva alikuwa na gari kuukuu, la kizazi kile cha kabla ya magari kuanza kufikiri yenyewe. Kwa gari hilo alipeleka watoto wa watu shule asubuhi na kuwarudisha mchana. Ndilo lililolisha nyumba, ndilo lililomfanya asalimiwe kwa heshima na wazazi waliovaa vizuri kuliko yeye. Panya wa mtaroni walipoingia chini ya boneti na kuzitafuna waya za plagi, ilikuwa kana kwamba wametafuna jina lake.

Akaitwa Cheche.

*

Cheche alikuwa mdogo wake Bi Pindo, wa tumbo moja, na fundi wa magari. Eneo lake la kazi lilikuwa kando ya uzio wa soko: turubai, sanduku la spana na kiti kimoja cha mteja. Alikuja Jumapili asubuhi na waya mpya mabegani kama mtu aliyebeba nyoka waliokwisha kufa, akafungua boneti, akaanza kazi huku akizungumza, maana hakujua kufanya kazi kwa njia nyingine.

"Shemeji, sogea uone, usije ukasema nilikutoza bure. Umeme unatoka kwenye koili hii. Unaingia hapa katikati, kwenye distributa. Distributa anaugawa kwa zamu, plagi moja moja. Atakayepata kabla ya zamu yake anaharibu karamu."

"Kwa nini hutoi zote mara moja ukamaliza?" aliuliza Dereva.

"Nizitoe zote nisahau ipi ilikuwa ya nani? Natoa moja, narudisha moja. Na sivuti waya, navuta kofia yake ya mpira. Wewe ukimvuta mtu kwa nywele, nywele zinabaki kichwani?"

Kila kofia aliisukuma juu ya plagi mpaka ikasema *tak*, na kila iliposema alitikisa kichwa kukubali, kama mwalimu aliyejibiwa vizuri. Kisha akachukua vibanio vyeusi vya plastiki, vyenye meno kama kitana, akazipitisha waya humo ili kila moja ikae mbali na mwenzake na zote mbali na bomba la moto.

"Na hivi?" Bi Pindo aliuliza kutoka mlangoni.

"Hivi ni kuta, dada. Waya hizi ni wake wenza. Kila mmoja na chumba chake. Ukiwalaza kitanda kimoja, nyumba inawaka moto."

"Mimi huyu mmoja ananitosha," alisema Dereva, "na huyu mmoja anataka kunivika koti."

Bi Pindo alicheka mpaka akashika ukuta. Hilo lilikuwa ndilo somo zima, na lilitolewa mchana kweupe, kwa lugha nyepesi, mbele ya watu wazima wawili wenye masikio mazima.

Gari liliwaka kwa mguso mmoja. Cheche alifuta mikono, akakataa chai, akaondoka akipiga mluzi.

*

Yaliyofuata yalitokana na upendo, jambo ambalo halimsaidii mtu yeyote.

Bi Pindo aliwaza juu ya panya. Waya zile mpya, zilizong'aa, zilikuwa zimelala uchi chini ya boneti, na mtaro ulikuwa palepale. Akatafuta kitambaa cheusi kizito kisichopitisha maji, kilichobaki kwenye kazi ya mahema. Akapima. Akashona mfuko mrefu, mwembamba, wenye mishono miwili kila upande. Vibanio vilimzuia kuufunga vizuri, naye akavitoa. Akazikusanya waya zote nne pamoja, akazilaza ndani ya mfuko, akaushona ukiwa palepale kwenye injini, kwa sindano iliyopinda, mpaka zikawa kitu kimoja, nadhifu, kama mkono wa mtoto ndani ya sweta.

Dereva alipoona alisimama muda mrefu mbele ya boneti iliyo wazi.

"Mama watoto," alisema hatimaye, "sasa injini imevaa."

Ilikuwa sifa kubwa kuliko zote alizowahi kumpa, naye aliipokea akitazama chini.

Keshoye, katikati ya mlima, gari lilikohoa. Kesho kutwa lilipiga mlio kama bunduki mbele ya lango la shule, na mtoto mmoja akajikojolea. Mzazi mmoja akasema kwa upole kwamba mwanawe angependa kutembea kidogo, kwa ajili ya afya. Wa pili akasema hivyohivyo, kwa upole uleule. Ilipofika mwisho wa juma, nusu ya viti vilikuwa vitupu, na watu wa mtaani walikuwa wameanza kuinama kwa utani kila Dereva alipopita.

"Komandoo huyo! Jamani, laleni chini!"

Dereva hakucheka. Alikwenda kwa muuza vipuri, ambaye hakuwa amemuuzia Cheche waya zile na hakuwa amesahau. Muuza vipuri aliminya ncha ya waya iliyochungulia nje ya kile kitambaa, akavuta mdomo upande mmoja.

"Feki," alisema. "Umenunuliwa takataka. Nani fundi wako?"

"Shemeji yangu."

"Aa," alisema muuza vipuri, na katika "aa" ile mliingia mambo mengi ambayo hayakuhitaji ushahidi.

*

Walikwenda sokoni pamoja siku ya Jumamosi. Bi Pindo alikuwa amepakata furushi la sare za shule alizokuwa akizipeleka kwa mteja. Njia nzima mumewe hakusema neno. Gari ndilo lililosema. Lilipofika kwenye uzio wa soko lilipiga mlio wa mwisho, likazimika lenyewe mbele ya turubai la Cheche.

"Karibu, shemeji!" Cheche alisimama akitabasamu. "Hilo gari limevuta sigara gani?"

"Unaniuliza mimi?"

"Fungua boneti nione."

"Nifungue umalizie zilizobaki? Zile waya nilizokupa pesa ukanunue ziko wapi?"

"Ziko humo ndani. Fungua boneti, shemeji."

"Humo ndani mna takataka. Muuza vipuri ameziona."

"Ameziona kwa macho au kwa wivu? Punguza sauti basi, hapa ni kazini kwangu. Dada, mwambie afungue boneti."

"Baba watoto, mfungulie aone," alisema Bi Pindo.

Lakini Dereva alikuwa amebeba juma zima kifuani. Alikuwa amebeba viti vitupu, mtoto aliyejikojolea, na Komandoo. Alishuka garini akasimama katikati ya njia.

"Kikulacho ki nguoni mwako!" alipaza sauti. "Nimekulisha kwangu! Nimekuita ndugu! Mwizi! Mwizi mkubwa wewe!"

Neno hilo likitamkwa sebuleni ni tusi. Likitamkwa sokoni ni amri.

Hakuna aliyeuliza kimeibwa nini. Bi Pindo aliona vichwa vikigeuka vyote kwa pamoja, kama majani yanavyogeuzwa na upepo. Aliona mtu mmoja akishusha chini kapu la nyanya, polepole, kwa uangalifu ili zisipondeke, kisha akainama na kuokota spana kubwa kutoka kwenye sanduku la Cheche mwenyewe. Aliona mdogo wake akiinua mikono yote miwili, akiwa bado na lile tabasamu, kwa kuwa mambo yalikuwa yamekwenda haraka kuliko uso wake.

Halafu hakumwona tena.

"Ni shemeji yangu!" Dereva alikuwa akipiga kelele. "Jamani! Ni shemeji yangu! Muacheni!"

"Pole sana, kaka," mtu mmoja alimjibu akihema, bila kugeuka. "Hao ndio wabaya kuliko wote."

Bi Pindo alijitupa kati ya miguu ya watu. Alitambaa juu ya sare za shule zilizotawanyika, akamfikia, akamlalia. Mwanamke asiyemjua alimshika bega na kumwambia, kwa sauti ya mtu anayemhurumia kweli, kwamba atoke, mama, atachafuka. Mlinzi wa soko akapuliza filimbi. Watu wakatawanyika kwa utulivu, wakarudi kwenye mizani zao, na bei za vitu zikaendelea zilipokuwa zimeishia.

Bi Pindo, mumewe na mlinzi walimbeba mpaka ofisi ya kamati, iliyokuwa jirani, wakamlaza mahali pa kwanza palipokuwa na nafasi. Alipotaka kuinuka alijishikiza kwa mkono wa kulia, akapiga yowe moja fupi, akalala tena.

Mwenyekiti alitoka ndani akiwa ameshika miwani.

"Nani amemweka hapo?" aliuliza. "Hamjui kusoma?"

*

Wodi ilikuwa na vitanda vilivyobanana na dirisha moja lisilofunguka. Daktari alikuwa kijana mwenye haraka. Alieleza kwamba mbavu zitapona na jicho litapona. Kuhusu mkono wa kulia alisema utapona pia, kisha akafikiri kidogo, akaongeza kwamba vidole havitakubali tena kushika kitu chembamba.

"Kama nini?" aliuliza Bi Pindo.

"Kalamu. Kijiko." Daktari alitazama faili. "Anafanya kazi gani?"

Bi Pindo aliivuta shuka juu ya ule mkono.

Daktari alipokwisha kuondoka, Cheche alifungua jicho lililoweza kufunguka.

"Dada. Gari bado linapiga?"

"Bado."

"Vibanio vipo?"

Bi Pindo hakuelewa, au alitamani asielewe.

"Vile vyeusi. Vyenye meno kama kitana. Vinavyotenganisha waya."

Alijua vilipo. Vilikuwa nyumbani, ndani ya kopo la vifungo, chini ya vifungo vya lulu. Alivihifadhi kwa sababu vilikuwa vizuri, naye hakupenda kutupa kitu. Alikaa ukingoni mwa kitanda, akamweleza: panya, kitambaa, mishono miwili kila upande. Alieleza mpaka kuhusu sindano iliyopinda. Hakuacha kitu.

Cheche alisikiliza akitazama dari.

"Umeme wa waya moja unamwamsha jirani," alisema. "Hauhitaji hata kumgusa. Anawaka kabla ya zamu yake. Ndiyo huo mlio." Aligeuza uso kumtazama. "Si nilikwambia? Wake wenza."

"Nilidhani unatania."

"Nilikuwa natania," alisema Cheche. "Lakini ilikuwa kweli."

Bi Pindo aliitazama mikono yake mwenyewe, iliyolala mapajani. Ilikuwa mizima, yote miwili, kila kidole mahali pake. Hakulia. Mtu aliyepigwa na butwaa kiasi kile hata machozi hayajui yapitie wapi.

*

"Umemwambia nani mwingine?" aliuliza Dereva.

Walikuwa uani, kando ya gari. Kesi ya wizi dhidi ya Cheche ilikuwa imepangwa kusikilizwa na kamati keshoye. Dereva alikuwa amekonda ghafla, shati lilimpwaya mabegani, na kwa mara ya kwanza mkewe hakufikiria kulipunguza.

"Sijamwambia mtu. Nakwambia wewe."

"Basi nyamaza hapohapo."

"Ninyamaze vipi? Mdogo wangu anaitwa mwizi mpaka na watoto wadogo. Turubai lake limeshaondolewa. Alipokuwa akifanyia kazi pana mtu anauza kandambili."

"Nisikilize, mama watoto." Aliongea kwa sauti ya chini, akiwa ameweka kiganja juu ya boneti kama mtu anayemtuliza mnyama. "Waya zikiwa mbovu, mimi nilikosea kupaza sauti tu. Alaa, nilikuwa na hasira, mtu akiibiwa hukasirika, kila mtu ataelewa. Lakini waya zikiwa nzima? Mimi ni nani? Sema. Mimi ni nani?"

Bi Pindo alikitazama kile kiganja.

"Ukilivua nguo gari hili mbele ya kamati, umenivua mimi."

"Na yeye aendelee kuvaa wizi?"

"Atapona. Watu husahau. Nimekuomba nini tangu tuoane?"

"Mengi," alisema Bi Pindo. "Nikakupa yote."

Aliingia ndani. Alilifungua kopo la vifungo, akaumwaga mchanganyiko wote juu ya meza ya kushonea, akavichambua vibanio kimoja kimoja. Akavifunga kwenye pindo la kanga yake pamoja na mkasi mdogo wa kufumulia.

*

Kamati iliketi barazani. Mwenyekiti alikuwa katikati, Katibu kulia kwake, na watazamaji walisimama kila mahali isipokuwa karibu na benchi. Cheche alipewa kiti. Mkono wake ulikuwa umening'inizwa shingoni kwa kitambaa ambacho dada yake alikikunja pindo kabla ya kuweza kujizuia.

Katibu alisoma shauri. Dereva alisimama akasema alichosema mbele ya mkewe, ila kwa ufasaha zaidi. Alimaliza kwa kusema kwamba anasikitika, na kwamba feki ni feki.

"Naomba gari liwashwe," alisema Bi Pindo.

Mwenyekiti aliona ombi hilo halina madhara. Gari liliwashwa, likapiga mlio, na Mwenyekiti akajikuta chini ya meza. Watu walicheka. Alipotoka huko alikuwa mtu mwingine, asiye na subira.

Bi Pindo alifungua boneti. Hakuna aliyemzuia, mumewe aliinua mkono nusu, akaushusha. Akatoa mkasi, akaanza kufumua. Alikuwa ameshona vizuri mno. Kila mshono ulipinga, na kwa muda mrefu hapakusikika kitu ila ile *ti, ti, ti* ya uzi ukikatika. Kitambaa cheusi kilipoanguka, alivishika vibanio.

"Nianze wapi?" aliuliza bila kugeuka.

"Anza na iliyo mbali," ilijibu sauti ya Cheche nyuma yake. "Kila moja jino lake. Ruka jino moja katikati. Hapo. Hiyo nyingine usiilaze juu ya bomba, itaungua. Sasa sukuma kofia, dada. Sukuma mpaka iseme."

*Tak*, ilisema kofia.

Alifunga boneti, akaingia mwenyewe garini, akazungusha ufunguo. Gari liliwaka. Lilinguruma polepole, sawasawa, kama cherehani inayoshona mshono mrefu usio na kona. Waliokuwa wakicheka waliacha.

"Kumbe ni kile kitambaa," alisema Dereva. Hakuna aliyemuuliza.

"Ndicho, shemeji," alisema Cheche.

"Nilikishona mimi," alisema Bi Pindo. "Waya ni nzima. Hakuna aliyeiba kitu."

Mwenyekiti alivua miwani. "Kwa hiyo wizi haukuwepo?"

"Haukuwepo."

"Na waliompiga mlalamikiwa ni akina nani?"

Watu walitazama angani, viatuni, kwenye simu zao. Bi Pindo alishuka garini. Katika safu ya mbele, karibu naye kiasi cha kuweza kumgusa, alisimama mtu mwenye kapu la nyanya. Macho yao yalipokutana, yule mtu aliinamisha kichwa kwa adabu.

"Pole, dada," alisema.

Bi Pindo alinyoosha kidole. "Huyu."

Mwenye nyanya aligeuka kutazama nyuma yake, kama mtu anayetafuta anayeonyeshwa.

"Mama," alisema Mwenyekiti, "kamati haina mamlaka juu ya watu wasiojulikana."

"Namjulisha sasa hivi."

"Amejulikana kwako. Kwa kamati hajulikani."

Kidole cha Bi Pindo kilibaki hewani. Hakujua akishushe vipi. Dereva alikuwa amekaa chini, mgongo ukiegemea gurudumu, na gari lilinguruma juu yake kwa utulivu ambao sasa ulikuwa hauvumiliki. Hakuna aliyekumbuka kulizima. Mwenyekiti na Katibu waliinamiana, wakanong'onezana, wakaandika. Kisha Katibu akasimama, akakohoa, akasoma:

"Kamati, baada ya kusikiliza pande zote na kukagua injini, imebaini kwamba benchi la ofisi lilikaliwa kabla ya rangi kukauka, kinyume cha tangazo, na kwamba juu yake imebaki alama ya kiganja cha mkono wa kulia, isiyoondoka kwa kusuguliwa. Kwa hiyo kamati imeamua kama ifuatavyo: benchi lipakwe rangi upya, na gharama ibebwe na pande zote mbili kwa usawa. Waya za magari ya mtaa huu zisivikwe nguo. Gari, kwa kuwa sasa linatembea, liondolewe mbele ya ofisi. Mengine yote ni mambo ya kifamilia. Ni marufuku kulikalia benchi hadi tangazo jingine litakapotolewa."